Sharti la Saba

Barua ya bodi ya leseni ilikuwa na mistari kumi na minne. Mama Kipimo aliisoma amesimama nyuma ya kaunta, milango ya duka ikiwa imefungwa kwa siku ya ishirini na sita. Akaisoma tena akiwa na kalamu mkononi. Mara ya tatu alitafuta kile ambacho barua haikusema, na alipokipata akavuta kiti, akakaa.

Barua ilisema hivi. Leseni yake ya kuuza vileo, iliyokuwa imesimamishwa kwa siku thelathini, ingejadiliwa Jumanne saa nne asubuhi, na siku hiyo bodi ingeirudisha au ingeifuta. Sababu zilikuwa mbili. Ya kwanza, mwenye leseni ameshtakiwa mahakamani kwa kuuza kinywaji chenye madhara kwa afya. Ya pili, zipo taarifa kwamba siku ya tukio duka lilikuwa mikononi mwa mtu mwingine, kinyume cha sharti la saba. Sharti hilo alilijua kwa moyo: mwenye leseni awepo dukani muda wote wa mauzo, au awepo msimamizi ambaye jina lake limeandikwa nyuma ya leseni.

Ambacho barua haikusema ni kwamba sababu hizo mbili zilikuwa zinanyang'anyana shuka moja. Akijifunika huku, anabaki wazi kule. Akisema siku ile hakuwepo, mashtaka yanakosa miguu, lakini leseni inafutwa palepale kwa kinywa chake mwenyewe. Akisema alikuwepo, leseni inarudi mpaka mahakama itakapoamua, lakini chupa zile zinakuwa zake.

Na ukweli ni kwamba hakuwepo.

Kabla ya duka alikuwa fundi wa maabara ya shule kwa miaka kumi na tano, na tabia ya maabara haikumtoka. Alimimina pombe kali kwa vikombe vitatu vya bati vyenye chapa ya serikali, kidogo, cha kati na kikubwa, wala hakumimina kwa macho. Mlevi akimwomba aongeze tone la upendo, alijibu kwamba upendo hauna kipimo, kwa hiyo hauuzwi hapa. Ndipo jina lilipotoka. Kwa miaka kumi na moja watu walilalamika juu ya bei yake, viti vyake vigumu na uso wake, lakini hakuna aliyelalamika kwamba alipunjwa.

Kila mwaka vikombe hivyo vilitakiwa kupelekwa ofisi ya mizani na vipimo, mji wa pili, safari ya saa mbili kwa basi, vikakaguliwe na kupigwa chapa upya. Mwaka huu alikwenda siku ya Alhamisi. Funguo alimwachia shemeji yake, mume wa mdogo wake, aliyekuwa hana kazi mwezi huo. Aliporudi saa kumi alasiri alikuta duka limejaa vicheko na harufu asiyoijua. Watu watano walikunywa kutoka chupa mbili zilizokuwa na lebo halali na kitu kingine ndani yake. Wanne walitapika usiku kucha. Wa tano, fundi seremala aliyeitwa Fundi Randa, aliamka siku ya pili akauliza mbona hakujapambazuka.

Polisi walikuja na jina lililokuwa ukutani, yaani lake. Walipomhoji alisema atajibu mahakamani, kwa sababu saa ile hakujua kilichokuwemo kwenye chupa, na hakuwa na desturi ya kusema asichokijua. Shemeji yake alikuja kumweleza siku ya tatu, jikoni kwake, huku analia, kwamba alizijaza chupa zile kutoka kwenye dumu alilonunua. Wakati huo Mama Kipimo alikuwa ameshapelekwa mahakamani, ameshapewa dhamana, na kesi imeahirishwa kwa miezi mitatu kungojea majibu ya mkemia.

Leseni yenyewe ilichukuliwa na afisa. Yeye alibaki na nakala, mbele na nyuma. Aliigeuza. Mahali palipoandikwa "Msimamizi" alikuwa amejaza kwa mkono wake, herufi kubwa zilizonyooka: SINA. NIPO SIKU ZOTE.

Alikumbuka karani akimwambia aweke jina lolote, maana hakuna anayesoma. Naye akajibu kwamba kwenye karatasi ya serikali haweki jina lolote.

*

Ofisi ya wakili ilikuwa juu ya duka la fotokopi, na mashine ya chini ilipofanya kazi meza ya juu ilitetemeka. Wakili alikuwa kijana, shati lake limepigwa pasi upande wa mbele tu.

"Kaa, mama. Leo nina la kukufurahisha. Ile chupa waliyoichukua polisi haikutiwa lakiri. Imezunguka na gari lao siku mbili, imezibwa kwa gazeti. Mkemia atapima, sawa, lakini atapima chupa ya nani? Nitaiangusha kabla haijafika mbele ya hakimu."

"Na kilichokuwemo ndani?"

"Kilichokuwemo ndani si kazi yetu kukijua."

"Mimi nakijua. Nilikinusa kwenye dumu."

"Mama!" Wakili alitazama mlango. "Hiyo pua yako, Jumanne iache nyumbani."

Alimweleza mambo ya bodi akihesabu kwa vidole. Sababu ya kwanza ilikuwa povu tupu. Sheria ya leseni inasema "kupatikana na hatia", haisemi "kushtakiwa". Mtu anaweza kushtakiwa hata na jirani waliyegombana naye kwa ajili ya kuku. Sababu ya pili ilikuwa na shahidi mmoja, Fundi Randa.

"Mlevi," wakili alisema, "tena mwenye macho ya…" Akasita. "Ataulizwa alimwona nani. Nitamwuliza mimi. Wewe utakaa kimya. Kimya hakiandikwi kwenye muhtasari."

"Kinaandikwa. 'Aliulizwa, akakataa kujibu.'"

"Basi kitaandikwa vizuri."

Mama Kipimo alikunja nakala ya leseni mara mbili, akaubonyeza mkunjo kwa ukucha. "Kunyamaza na kusema nilikuwepo, tofauti yake nini?"

"Kubwa sana. La pili ni uongo, na mimi siwezi kukushauri uongo. La kwanza ni haki yako."

"Na yote mawili yanafika wapi?"

Wakili alifunga jalada. "Yanafika dukani kwako, mama. Jumatano asubuhi, mlango wazi."

*

Jumapili saa tisa mdogo wake alikuja na mumewe. Watoto waliwaacha kwa jirani, na hilo peke yake lilimwambia Mama Kipimo wamekuja kwa jambo gani. Shemeji yake alikuwa mtu wa kazi tatu kwa mwaka na maneno ya watu kumi. Alianza kabla hajafika kwenye kochi.

"Shemeji, habari za barua tumezipata. Lakini neno lenyewe si baya. Imesimamishwa. Kitu kilichosimama hakijaanguka."

"Kaa, shemeji. Wewe ndiye uliyesimama."

Mdogo wake alicheka, akakumbuka, akaacha. Chai ilimiminwa. Hakuna aliyeigusa.

"Mimi siyo mtu wa kuzunguka," shemeji alisema, ingawa ndivyo alivyokuwa. "Jumanne sema ulikuwepo. Neno moja. Tena si uongo wa kutunga, umeshaliandika mwenyewe. Nipo siku zote. Kwani Alhamisi si siku?"

"Ndiyo maana linaniuma."

"Shemeji, wewe ukisema uongo mmoja tu maishani mwako, malaika wataomba urudie. Watadhani hawakusikia vizuri."

"Dada," mdogo wake aliingilia, "msikilize kwanza. Wakili si amesema kesi ya mahakamani itaanguka? Wewe hufungwi. Leseni inarudi. Huyu anabaki na wanawe. Niambie, nani anaumia?"

"Fundi Randa."

"Fundi ameshaumia. Macho yake hayarudi kwa wewe kumfungisha mume wangu."

Hilo lilikuwa kweli. Mama Kipimo alilipima kama alivyopima kila kitu, akakuta halina mchanga. Macho ya fundi hayangerudi kwa neno lolote ambalo lingesemwa Jumanne. Akamgeukia shemeji yake.

"Lile dumu ulilipata wapi?"

"Si nilikwambia? Kwa yule jamaa wa nyuma ya gereji. Aliniambia ni mali safi, imetoka kiwandani bila karatasi."

"Bado anauza?"

Shemeji aligeuza kikombe chake kwenye kisosi.

"Nimekuuliza, bado anauza?"

"Watu wanakunywa, shemeji. Asipouza yeye, atauza mwingine."

"Polisi wanamjua?"

"Watamjulia wapi? Wanalo jina lako, wametosheka nalo."

Hata yeye alionekana kusikia alichokisema. Nje mtu alikuwa anaburuta ndoo juu ya saruji. Mdogo wake alitazama chini.

"Basi hapo ndipo penye jibu la swali lako," Mama Kipimo alimwambia mdogo wake. "Nani anaumia, simjui jina. Huenda yupo nyuma ya gereji sasa hivi, anatoa pesa mfukoni." Akamgeukia tena shemeji. "Una kesho nzima. Nenda kituoni mwenyewe. Eleza dumu lilitoka wapi, na nani alilimimina. Mtu aliyeingia kwa miguu yake hatazamwi kama aliyeletwa."

"Na nisipokwenda?"

"Jumanne saa nne nitaulizwa swali."

"Utajibu nini?"

"Mimi nina majibu ya aina moja, shemeji. Wewe umeyacheka miaka yote."

Waliondoka bila kuaga sawasawa. Mlangoni mdogo wake aligeuka akasema, "Njia ya mwongo fupi, dada, lakini na ya mkweli haina watu." Halafu akamfuata mumewe.

Jumatatu ilipita. Shemeji hakwenda.

*

Chumba cha bodi kilikuwa na meza ndefu na feni iliyogeuza shingo upande mmoja tu, hivyo wajumbe wawili walipata upepo na wengine walipata sauti yake. Mwenyekiti alikuwa mkaguzi wa shule aliyestaafu. Shingoni mwake zilining'inia miwani mbili, moja ya kusomea na nyingine ya kutazamia watu. Afisa leseni, mwanamke mrefu aliyezungumza bila kuinua macho kutoka kwenye jalada, alikaa mkono wake wa kulia. Karani alikuwa na kompyuta.

Fundi Randa aliingia akishika ukuta. Alipofika mezani mkono wake ulitambaa ukingoni, ukasimama, ukarudi.

"Hii mbao laini," alisema. "Imepakwa rangi ya mti mgumu. Nani aliwauzia?"

Wajumbe walicheka. Mwenyekiti aliomba ofisi isijadiliwe samani zake, akamwonyesha kiti kwa mkono, kisha akakumbuka, akamwelekeza kwa mdomo.

"Siku ile nani alikumiminia?" afisa aliuliza.

"Mwanamume. Jina sina. Sauti naijua, mzaha mwingi."

"Mwenye leseni alikuwepo?"

"Hakuwepo."

"Unajuaje?"

"Nilimiminiwa kwa kikombe cha chai. Huyu mama hamimini kwa kikombe cha chai hata umlilie. Nimekunywa kwake miaka tisa, sijazidishiwa hata tone. Siku ile nikazidishiwa, nikafurahi." Aliinua bega. "Nikafurahi mimi."

Wakili aliinuka. Sauti yake ilikuwa ya upole, na upole huo Mama Kipimo hakuupenda.

"Pole sana, fundi. Ulikunywa vikombe vingapi?"

"Vitatu."

"Vya chai?"

"Kikombe ndicho cha chai, wakili. Kilichomo siyo."

"Kabla ya hapo ulikuwa umepitia kwingine?"

"Kidogo."

"Kidogo cha namna gani?"

"Kidogo cha kunifikisha."

Wajumbe wakacheka tena. Wakili naye alitabasamu, akangoja wamalize. "Fundi, mwenye leseni yumo humu ndani. Tuonyeshe amekaa wapi."

Fundi Randa aligeuza uso polepole, kutoka dirishani hadi mlangoni, akaurudisha. Feni ilipiga kelele. Mikono yake ilikuwa juu ya meza, viganja chini, na kidole kimoja kilikuwa kinafuata mstari wa mbao.

"Naona vivuli," alisema.

"Vivuli. Ahsante. Sina swali jingine."

Wakili alizungumza dakika sita. Alisema kushtakiwa si kuhukumiwa. Alisema kwamba kwa sharti la saba bodi ina kauli ya mtu mmoja, aliyekuwa amelewa wakati ule na asiyeona wakati huu, na mkononi ina leseni iliyoandikwa na mwenyewe kwamba yupo siku zote. Wajumbe walinong'onezana. Mwenyekiti alivua miwani ya kutazamia watu.

"Kwa kweli," alisema, "shahidi mmoja wa hali hii, bodi itapata taabu kumtegemea. Mwenye leseni ana la kuongeza?"

"Hana, mwenyekiti," wakili alisema.

"Ninalo," Mama Kipimo alisema, akasimama.

Wakili alimshika mkono wa gauni. Mama Kipimo aliutoa mkono wa wakili taratibu, kama mtu anayetoa jani lililonasa kwenye nguo.

"Fundi amesema kweli. Sikuwepo."

Karani aliacha kuchapa. Afisa leseni aliinua macho kutoka kwenye jalada kwa mara ya kwanza asubuhi ile.

"Mama," mwenyekiti alisema, "kesi yako iko mahakamani. Unayoyasema hapa yanaandikwa, na yanaweza kusomwa kule. Umeelewa?"

"Nimeelewa. Ndiyo maana nayasema polepole, karani ayapate yote."

Aliweka mezani hati ya ukaguzi kutoka ofisi ya mizani na vipimo: tarehe, saa tano na robo, sahihi ya mkaguzi, namba za vikombe vitatu. Alisema aliondoka saa moja na nusu asubuhi na kurudi saa kumi. Alisema duka alimwachia mume wa mdogo wake. "Jina lake nitalitaja polisi. Hapa silitaji, kwa sababu hapa hakuitwa ajitetee. Kilichouzwa kilitoka kwenye dumu, kikatiwa kwenye chupa zangu. Dumu lilinunuliwa nyuma ya gereji ya barabara ya stendi, na kwa ninavyojua bado kuna anayeuza."

Afisa leseni aliandika neno kwenye karatasi, akatoka nayo, simu ikiwa sikioni kabla hajafika mlangoni.

"Na hii?" mwenyekiti aliinua leseni, upande wa nyuma. "Nipo siku zote?"

"Niliandika kwa kiburi. Nina mdogo wangu ambaye ningeweza kumwandika, angekaguliwa, angefundishwa masharti. Niliona hakuna wa kupima kama mimi. Sharti la saba nililivunja siku niliyojaza fomu. Alhamisi ile lilionekana tu."

Kiti cha Fundi Randa kililia kidogo. "Ndiwe uliyekaa hapo," alisema, uso umeelekea mahali sauti ilipotoka.

"Ni mimi, fundi."

*

Bodi iliingia chumba cha pili kushauriana, na ukuta ulikuwa mwembamba kiasi kwamba kikohozi cha mwenyekiti kilisikika. Wakili alisimama koridoni na mfuko wake uliokataa kufunga.

"Mama, nilikuwa nimeshinda."

"Nilikuona."

"Tangu nianze kazi nimeshinda kesi nne. Hii ilikuwa ya tano."

"Ya mahakamani itakuwa ya tano. Sasa una hati yenye saa na tarehe."

"Na ile chupa isiyo na lakiri?"

"Iache. Watu walikunywa kile kitu, wakili. Sitaki kutoka mahakamani kwa sababu polisi walikosa nta."

Wakili alimtazama. Halafu akatoa kalamu, akaanza kuandika nyuma ya bahasha, kwanza neno moja moja, kisha haraka.

Waliporudi ndani, mwenyekiti alivaa miwani ya kusomea. "Baada ya kusikiliza pande zote, bodi inafuta leseni hii kwa kuwa mwenye leseni aliuza, au aliruhusu kuuzwa, kinywaji chenye sumu, na kwa kuvunja sharti la saba."

Mama Kipimo aliinua mkono kama mwanafunzi. "Naomba sentensi hiyo irudiwe."

Ikarudiwa.

"Kufutwa nakubali. Sababu ya kwanza sikubali. Kama niliuza, kama niliruhusu, kama kilikuwa na sumu, yote matatu yako mahakamani. Mkemia hajaleta majibu. Nyinyi mmeyapata wapi?"

Mjumbe aliyekaa kwenye upepo alicheka. "Mama, umeshafutiwa leseni, sasa unagombania sentensi?"

"Leseni ni yenu, mmeichukua. Sentensi inaandikwa juu yangu."

Afisa leseni, aliyekuwa amerudi, alisema, "Ana haki, mwenyekiti. Sheria inataka hukumu, na hukumu haipo. Sababu ile niliiweka mimi kwenye barua, na sikupaswa kuiweka. Sharti la saba ni letu na linatosha. Hilo jingine si letu."

"Sasa liliingiaje kwenye uamuzi? Sisi kule ndani tumezungumzia sharti la saba peke yake." Mwenyekiti alimgeukia karani.

Karani alitazama kompyuta yake kama inayoweza kumsaidia. "Nilishauchapa jana, mheshimiwa. Kuokoa muda."

"Jana."

"Nilifuata barua."

Mwenyekiti alivua miwani ya kusomea, akavaa ya kutazamia watu, akamtazama karani kwa muda ambao mkaguzi wa shule huwapa wanaonakili. "Futa. Andika upya. Wewe, mama, ungetaka isemeje?"

"Leseni imefutwa kwa kuvunja sharti la saba tu."

"Neno 'tu' halitumiki kwenye maamuzi," karani alinong'ona. "Hatujawahi."

"Neno lina herufi mbili, halitakuchosha," mwenyekiti alisema. "Liandike. Bila hilo, kesho mtu ataongeza la kwake."

Karani akaliandika. Mama Kipimo alisoma karatasi kutoka juu mpaka chini, akasahihisha tarehe, akatia sahihi. Kwa sababu hiyo moja angeweza kuomba leseni upya baada ya miaka miwili. Kwa sababu ile nyingine asingeweza kuomba kamwe. Afisa alimweleza kwamba saa kumi watakwenda pamoja dukani kutia lakiri kwenye rafu.

"Lakiri mnayo?" aliuliza.

"Tunayo," afisa alisema, na kwa mara ya kwanza karibu atabasamu. "Na nyuma ya gereji wameshakwenda wenzetu na polisi. Hatujui watakuta nini."

*

Mdogo wake alikuwa kwenye benchi la nje, mkoba mapajani. Aliinuka.

"Wameirudisha?"

"Wameifuta."

Ilichukua muda mfupi tu. Kama imefutwa, basi neno lilisemwa. Uso wa mdogo wake ulibadilika.

"Umesema."

"Nimesema. Jina bado. Nalipeleka kituoni saa nane."

"Mama alituambia tulindane."

"Nimemlinda kuanzia Jumapili. Kabla ya hapo nimemlinda wiki nne, na mtu wa gereji alikuwa anauza siku zote hizo. Hizo wiki nne ni deni langu, si lake."

"Wewe ulizaliwa na rula, dada. Wallahi, ulizaliwa umeishika." Machozi yalikuwa yanamtoka na hakuyafuta. "Na watoto wangu je?"

"Waje kwangu wakitoka shule. Nitakuwa nyumbani, sina duka. Nitakuwa nao leo, na kesho, na wakati wote atakapokuwa ndani kama atakuwa ndani. Hilo nimeliwaza, silisemi kwa kukutuliza." Alitazama saa yake. "Sasa ni saa sita na dakika ishirini. Mpigie. Mwambie tukutane kituoni saa saba na nusu, aingie yeye kwanza, aseme la dumu kwa kinywa chake. Nitakaa nje nusu saa nzima. Saa nane naingia mimi."

"Na asipotaka?"

"Saa nane naingia mimi."

Mdogo wake alimtazama kwa chuki ya kweli, ile ambayo watu huwapa ndugu zao peke yao. Halafu akafungua mkoba, akatoa simu, akabonyeza. Mama Kipimo hakusogea. Simu iliita mara tano, sita, ikakatika. Mdogo wake akabonyeza tena.

Safari hii ikapokelewa.

"Vaa shati," alisema. "Tunakuja kukuchukua."